Picha za Maafa na Maamuzi ya Wakubwa: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Kila janga kubwa linapozuka, wasomaji wa habari za kimataifa huuliza mambo yaleyale: kwa nini hili limeonyeshwa na lile limenyamaziwa, na je, kuonyeshwa huko kunabadilisha lolote kwa wenye uamuzi? Mifano mingi hapa inatoka upande wetu wa dunia, kuanzia Korem nchini Ethiopia hadi Goma nchini Kongo. Hoja nyingi kuhusu jambo hili zilijengwa juu ya vifo vya watu wa huku, kwa hiyo tuna haki na sababu ya kuzipima wenyewe.

Ni kweli kwamba televisheni inaweza kuilazimisha serikali ya mbali kuingilia janga?

Ni nadra sana, na inapotokea huwa pana sababu nyingine iliyotangulia. Dhana hii, ambayo wengi huiita athari ya CNN, ilipata nguvu mwanzoni mwa miaka ya 1990, Vita Baridi vilipokwisha na matangazo ya moja kwa moja yalipoanza kuzunguka dunia usiku na mchana. Mwanadiplomasia mkongwe wa Marekani, George Kennan, aliandika katika New York Times Septemba 1993 kwamba nchi yake ilijikuta Somalia kwa sababu ya hisia zilizoamshwa na televisheni. Boutros Boutros-Ghali, Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa wa wakati huo, aliielezea CNN kama mjumbe wa kumi na sita wa Baraza la Usalama, ilhali baraza hilo lina wajumbe kumi na watano.

Watafiti walipokaa chini kulinganisha tarehe za matangazo na tarehe za maamuzi, hadithi iligeuka. Steven Livingston na Todd Eachus walichunguza Somalia ya 1992 wakakuta kwamba vituo vikubwa vya Marekani vilianza kuitangaza kwa wingi baada ya ikulu ya Washington kuchukua hatua. Yaani kamera ziliifuata serikali. Naye Piers Robinson wa Uingereza ameonyesha kwamba vyombo vya habari hupata nguvu pale tu serikali inapokuwa haijajua inataka nini na wakubwa wake wanavutana. Serikali iliyokwisha kujiamulia, iwe kuingia au kukaa kando, hustahimili picha za kila namna.

Mimi nakubaliana nao, na majibu yanayofuata yanaeleza kwa nini. Picha huharakisha uamuzi uliokwisha kuiva. Pia huchagua aina ya msaada: kitu kinachoonekana, kama maji na unga, hupata nafasi kuliko kisichoonekana, kama ulinzi wa raia.

Somalia 1992 ilikuwaje basi?

Siad Barre aliangushwa Januari 1991, na vita vya makundi vikafuata. Mwaka 1992 njaa ilikuwa imeshika Baidoa na Bardera, na chakula cha msaada kiliporwa kabla ya kufika. Katikati ya mwaka huo balozi wa Marekani mjini Nairobi, Smith Hempstone, alizuru kambi za wakimbizi wa Kisomali kaskazini mwa Kenya, akaandika ripoti kali kwa wakubwa wake juu ya aliyoyaona. Ripoti hiyo ilimfikia Rais George Bush. Agosti, ndege za kijeshi za Marekani zilianza kupeleka chakula Somalia zikitokea Mombasa. Hayo yote yalitangulia wimbi kubwa la matangazo.

Tarehe 3 Desemba Baraza la Usalama lilipitisha azimio 794, na usiku wa kuamkia tarehe 9 wanajeshi wa majini wa Marekani wakatua ufukweni Mogadishu. Walipokewa na taa za kamera. Waandishi walikuwa wamejulishwa wapi na lini wasubiri, kwa hiyo ilikuwa picha iliyoandaliwa na serikali kwa ajili ya serikali.

Balozi Hempstone huyohuyo, aliyeandika kwa uchungu kuhusu wakimbizi, alionya kwa nguvu zote dhidi ya kupeleka jeshi. Nalitaja hili kwa sababu mara nyingi hudhaniwa kwamba anayeumia kwa mateso ya watu lazima atake majeshi yaende.

Na picha ya mwanajeshi aliyeburutwa mitaani ndiyo iliyowatoa?

Hapo picha ilifanya kazi ya haraka zaidi. Katika mapigano ya tarehe 3 na 4 Oktoba 1993 mjini Mogadishu waliuawa Wamarekani 18 na Wasomali mamia. Paul Watson wa gazeti la Toronto Star alipiga picha ya mwili wa mwanajeshi wa Marekani ukiburutwa, na tarehe 7 Oktoba Rais Bill Clinton alitangaza kwamba vikosi vyake vyote vingekuwa vimeondoka ifikapo 31 Machi 1994. Hata hivyo wabunge wa Marekani walikuwa wamekwisha kuichoka operesheni hiyo wiki kadhaa kabla. Mlango ulikuwa wazi tayari.

Wasomali waliokufa siku hizo mbili hawakupata picha iliyozunguka dunia. Nchi hupima vita kwa maiti zake.

Kwa nini mauaji ya kimbari ya Rwanda hayakuonekana, ilhali wakimbizi wa Goma walionekana dunia nzima?

Hili ndilo swali zito kuliko yote kwenye ukurasa huu.

Ndege iliyomchukua Rais Juvénal Habyarimana wa Rwanda na mwenzake wa Burundi, Cyprien Ntaryamira, ilitunguliwa Kigali jioni ya 6 Aprili 1994 ikirejea kutoka mkutano wa Dar es Salaam. Kesho yake waliuawa wanajeshi kumi wa Ubelgiji waliokuwa katika kikosi cha Umoja wa Mataifa. Siku chache baadaye Wazungu karibu wote walihamishwa, na waandishi wengi wakaondoka nao. Walibaki wachache mno, akiwemo Mark Doyle wa BBC. Mpiga picha Nick Hughes alinasa kwa mbali, kutoka juu ya jengo la shule ya Kifaransa, watu wakiuawa barabarani. Hiyo ni miongoni mwa rekodi chache sana za mauaji yenyewe yakitendeka, ingawa yalichukua takriban siku mia na kuua watu wasiopungua 800,000 kwa makadirio yanayotajwa zaidi. Serikali ya Rwanda inasema walizidi milioni moja.

Wakati huohuo, maelfu ya waandishi walikuwa Afrika Kusini wakisubiri uchaguzi wa 27 Aprili uliomwingiza Nelson Mandela madarakani. Vyumba vya habari vya Ulaya na Marekani vilikuwa na nafasi ya habari moja ya Afrika, nayo ilikuwa hiyo. Kidogo kilichotoka Kigali kiliandikwa kama machafuko ya kikabila au kurejea kwa vita, kana kwamba watu wameshikwa na wazimu wa pamoja. Orodha za majina, vizuizi vya barabarani na redio RTLM iliyokuwa ikiwachochea wauaji vilikuwa ushahidi wa mpango, lakini mpango haukuingia kwenye sentensi mbili za taarifa ya usiku.

Tarehe 21 Aprili Baraza la Usalama lilipunguza kikosi hicho cha Umoja wa Mataifa, kilichoongozwa na Jenerali Roméo Dallaire, kutoka takriban watu 2,500 na kuamuru wabaki 270. Hakuna aliyepiga kelele za kutosha kuwaaibisha.

Kamera zilianza kufika mwisho wa mwezi huo. Zilifika Ngara, Tanzania, ambako watu wanaokadiriwa 250,000 walivuka daraja la Rusumo kwa muda wa saa 24 hivi, huku maiti zikielea kwenye mto Kagera kuelekea Ziwa Victoria. Kisha Julai, jeshi la serikali iliyofanya mauaji liliposhindwa vitani, umati wa kati ya watu 500,000 na 800,000 uliingia Goma ndani ya siku nne. Goma ina uwanja wa ndege unaopokea ndege kubwa, upo karibu kabisa na mpaka, na hakukuwa na mapigano ya kumzuia mgeni kufunga mitambo ya satelaiti. Ardhi ni mwamba wa volkano, makaburi hayachimbiki, kwa hiyo maiti za kipindupindu zilipangwa kando ya barabara. Karibu watu 50,000 walikufa katika mwezi wa kwanza.

Picha hizo zilikuwa za kweli na mateso yalikuwa ya kweli. Watoto waliokufa kwa kiu katika kambi ya Kibumba hawakuwa na hatia ya mtu. Kilichokosekana ni maelezo ya nani amekimbia nini. Watazamaji wengi wa mbali waliamini wanawaona walionusurika mauaji, kumbe ndani ya umati ule walikuwemo wanajeshi wa serikali iliyoanguka, wanamgambo wa Interahamwe walioshiriki mauaji, na viongozi wao, wakiwa na silaha na wameshika madaraka ya kambi. Kabla Julai haijaisha Marekani ilikuwa imeshapeleka wanajeshi na mitambo ya kusafisha maji. Serikali iliyoshindwa kutuma hata magari ya kivita kwa wakati mwezi Mei iliweza kuvusha misaada kwa ndege mwezi Julai, kwa sababu kipindupindu hakimpigi risasi mwanajeshi wako.

Msaada wa Goma ulileta matokeo gani?

Uliokoa maisha ya wengi, hilo halina ubishi. Ugonjwa ulidhibitiwa ndani ya wiki chache. Pia uliwalisha waliokuwa wakijipanga kurudi kumalizia kazi. Tawi la Ufaransa la Médecins Sans Frontières lilijiondoa kambini Novemba 1994 kwa sababu hiyo. Mashirika mengine yalibaki, na mjadala kati ya waliobaki na walioondoka haujaisha hadi leo.

Kwa muda wa miaka miwili kambi zilikaa kilomita chache tu kutoka mpakani, na hakuna nchi iliyokubali kupeleka jeshi kutenganisha wenye silaha na raia. Mwishoni mwa 1996 zilivunjwa kwa nguvu za jeshi la Rwanda na waasi wa AFDL wakiongozwa na Laurent-Désiré Kabila, na vita vikasonga hadi Kinshasa. Wakimbizi wengi, wakiwemo wanawake na watoto, waliuawa misituni njiani kuelekea magharibi, mbali na kamera zote. Mtu wa Kivu anayeuliza leo kwa nini nchi yake haijatulia tangu 1994 anaweza kuanza kuhesabu kutoka hapo: dunia ilitibu kipindupindu ikakataa kugusa siasa.

Kama kungekuwa na picha nyingi kutoka Kigali mwezi Aprili, serikali zingechukua hatua?

Ningependa kujibu ndiyo, lakini ushahidi hauniruhusu.

Kwanza, hazikukosa taarifa. Dallaire alituma onyo New York tarehe 11 Januari 1994 kuhusu silaha zilizofichwa na mpango wa kuua Watutsi. Balozi zilijua. Tarehe 3 Mei Clinton alitia saini sera mpya iliyoweka masharti magumu kwa Marekani kuunga mkono ujumbe wa kulinda amani, na hilo lilikuwa tunda la Mogadishu. Maofisa wake walikwepa kwa wiki nyingi kutamka kwamba ni mauaji ya kimbari, wakihofia wajibu chini ya mkataba wa 1948 dhidi ya mauaji hayo. Hizo ni dalili za serikali iliyokwisha kuamua kutokwenda.

Pili, tazama Bosnia. Agosti 1992 televisheni ya Uingereza ilionyesha wafungwa waliokonda nyuma ya waya katika kambi za kaskazini mwa Bosnia, na dunia nzima ikashtuka. Kilichofuata ni misafara ya chakula na askari wa kulinda amani wasio na ruhusa ya kupigana. Miaka mitatu baadaye, Julai 1995, wanaume na wavulana takriban 8,000 waliuawa Srebrenica, mji uliokuwa umetangazwa kuwa eneo salama.

Lakini sisemi kelele ni bure. Watetezi wa haki za binadamu waliokwenda kumwona Anthony Lake, mshauri wa usalama wa taifa wa Clinton, waliuliza wafanye nini; akawaambia wapige kelele zaidi. Maana yake ni kwamba simu za wabunge zilikuwa kimya. Labda picha zingeleta simu hizo, na labda simu zingetosha kuzuia kikosi kisipunguzwe au kuizima RTLM hewani. Hatua ndogo za namna hiyo zingeokoa watu. Inaniuma kwamba hata hizo hazikujaribiwa.

Njaa ya Ethiopia ya 1984 si mfano wa picha kubadili kila kitu?

Ndiyo mfano unaotajwa zaidi, nasi Waafrika Mashariki tuna mtu wetu ndani yake. Taarifa ya Michael Buerk wa BBC kutoka Korem, iliyorushwa 23 Oktoba 1984, ilipigwa picha na Mohamed Amin, mzaliwa wa Nairobi aliyeanzisha kampuni yake ya picha Dar es Salaam mwaka 1963. Taarifa hiyo ilirushwa na vituo vya nchi nyingi, michango ikamiminika, na 13 Julai 1985 likafanyika tamasha la Live Aid. Serikali za Magharibi zilizokuwa zikisita kuisaidia nchi ya kikomunisti ziliongeza chakula kwa kiwango kikubwa. Amin mwenyewe alipoteza mkono katika mlipuko wa ghala la silaha Addis Ababa mwaka 1991, akafa Novemba 1996 katika ndege iliyotekwa na kuanguka baharini Komoro.

Lakini onyo lilikuwepo. Tume ya misaada ya Ethiopia ilikuwa imewaambia wafadhili tangu Machi 1984 kwamba mamilioni watakosa chakula. Wafadhili hawakuliamini, na serikali ya Mengistu Haile Mariam haikutaka waandishi kaskazini wakati ikijiandaa kusherehekea miaka kumi ya mapinduzi mwezi Septemba. Kamera ilipofika, vifo vilikuwa vimekwisha kuwa vingi.

Tena, watazamaji walionyeshwa ukame, hawakuonyeshwa vita. Jeshi la Mengistu lilikuwa likipambana na waasi wa Tigray na Eritrea, likichoma mazao na kushambulia masoko. Kisha serikali ikawahamisha watu wa kaskazini kwa nguvu kwenda kusini, na sehemu ya rasilimali za misaada ikatumika kuwavutia na kuwasafirisha. Tawi la Ufaransa la Médecins Sans Frontières lililipuka kulisema hilo hadharani na likafukuzwa nchini mwaka 1985. Ukiona njaa inaelezwa kwa mvua peke yake, uliza nani amefunga barabara.

Nini hasa huamua janga lipi lionyeshwe?

Johan Galtung na Mari Holmboe Ruge walilichunguza hili mapema, mwaka 1965, kwa kutazama jinsi magazeti manne ya Norway yalivyoandika migogoro ya Kongo, Cuba na Cyprus. Walibaini kwamba habari hupenda ya ghafla, ya karibu kitamaduni, inayogusa mataifa makubwa na isiyo na utata. Njaa inayokuja polepole Karamoja au Turkana haina hata moja ya sifa hizo.

Wachumi Thomas Eisensee na David Strömberg walikwenda mbali zaidi mwaka 2007. Walipitia majanga ya asili takriban 5,000 na kuonyesha kwamba janga linalotokea wakati wa michezo ya Olimpiki lina nafasi ndogo zaidi ya kupata msaada wa serikali ya Marekani, kwa sababu tu habari zake husukumwa kando. Walikadiria pia kwamba, ili upungufu wa chakula upate nafasi sawa na volkano katika taarifa za televisheni za Marekani, kwa kila mtu mmoja anayeuawa na volkano lazima wafe karibu 40,000 kwa njaa. Sijaona takwimu nyingine inayosema jambo hili kwa ukali zaidi.

Yapo pia mambo ya kazi yenyewe: viza, bei ya ndege, bima ya mwandishi, hatari ya kutekwa, na kama intaneti imezimwa. Tigray ya 2020 hadi 2022 ilifungiwa simu na waandishi kwa muda mrefu, na vita vilivyoua watu wengi mno vikapita bila sura za kutosha. Asiyekuwepo na lake halipo.

Sudan imesahaulika kwa sababu hiyo?

Kwa sehemu. Vita kati ya jeshi la Sudan na wanamgambo wa RSF vilianza Khartoum 15 Aprili 2023, na zaidi ya watu milioni kumi wameyahama makazi yao. Viza za waandishi ni ngumu kupatikana, na wengi wameishia Adré, upande wa Chad, wakiwasikiliza wanaovuka. Agosti 2024 wataalamu wa kimataifa walithibitisha baa la njaa katika kambi ya Zamzam karibu na El Fasher, mji wa Darfur. El Fasher yenyewe ilitekwa na RSF Oktoba 2025 baada ya kuzingirwa zaidi ya mwaka mzima, na dalili za mauaji zilisomwa kutoka angani kwa picha za satelaiti.

Ila kauli kwamba dunia imeisahau Sudan ina upungufu mkubwa. Serikali kadhaa zinaikumbuka vizuri sana. Wataalamu wa Umoja wa Mataifa, katika ripoti ya Januari 2024, waliona kuna madai ya kuaminika kwamba silaha zilikuwa zikipitia Chad kwenda kwa RSF kutoka Umoja wa Falme za Kiarabu, nchi ambayo imekana. Dhahabu ya Sudan inauzwa Dubai. Tukiuliza tu kwa nini wakubwa hawaingilii, tunawapa heshima ya mtazamaji wakati baadhi yao wamo mchezoni.

Mitandao ya kijamii imebadilisha mambo?

Imebadilisha kasi. Machi 2012 video ya kampeni dhidi ya Joseph Kony, kiongozi wa waasi wa LRA walioanzia Uganda, ilitazamwa mara milioni mia ndani ya wiki moja. Lakini Rais Barack Obama alikuwa ametangaza kupeleka washauri wa kijeshi takriban 100 tangu Oktoba 2011, yaani kabla ya video hiyo, na Kony alikuwa ametoka Uganda miaka mingi nyuma. Ilipoonyeshwa hadharani Lira, kwa watu walioteswa na LRA, wengi walikasirika hadi onyesho likavunjika. Walitegemea kujiona wenyewe na hasara zao, wakamwona mgeni aliyeitengeneza video na mwanawe.

Na serikali za Afrika Mashariki, nazo huendeshwa na picha?

Mfano ninaoupenda kuliko yote ni wa Tanzania na Biafra. Mwalimu Julius Nyerere aliitambua Biafra, iliyokuwa imejitenga na Nigeria, 13 Aprili 1968, akiwa wa kwanza duniani. Picha za watoto wa Biafra waliovimba matumbo zilianza kujaa magazeti ya Uingereza mwezi Juni, miezi miwili baadaye. Uamuzi wake ulitokana na hoja kwamba dola iliyoshindwa kuwalinda raia wake wa Kiigbo dhidi ya mauaji ya 1966 haiwezi kuwalazimisha wabaki ndani yake. Unaweza kupinga hoja hiyo, na wakuu wengi wa Afrika waliipinga. Ila ilikuwa hoja ya kisiasa, iliyotangulia kamera. Uingereza, ambako picha zilisambaa zaidi, iliendelea kuiuzia Nigeria silaha hadi Biafra iliposalimu amri Januari 1970.

Rekodi yetu si safi, lakini. Tanzania iliyowapokea watu wa Rusumo ilifunga mpaka wake na Burundi Machi 1995, na Desemba 1996 ikawarudisha Wanyarwanda kwa kutumia jeshi. Uchovu wa mwenyeji ni jambo halisi, hasa ahadi za wafadhili zinapopungua kamera zikiondoka.

Nani hupiga picha hizi?

Mara nyingi kuliko inavyosemwa, ni watu wa hapahapa. Waandishi wanne waliouawa na umati Mogadishu 12 Julai 1993, baada ya helikopta za Marekani kushambulia nyumba iliyojaa watu, walikuwa Wakenya Hos Maina na Anthony Macharia wa Reuters, pamoja na Dan Eldon aliyekulia Nairobi na Mjerumani Hansi Krauss. Nyuma ya kila mwandishi mgeni yupo mwenyeji anayetafuta gari, ruhusa na watu wa kuzungumza nao, na yeye hubaki ndege ikiondoka.

Ni sawa kumwonyesha mtoto anayekufa?

Mashirika ya misaada ya Ulaya yalikubaliana kanuni za picha mwaka 1989, kwa aibu iliyobaki baada ya Ethiopia: mtu aonyeshwe kama mtu, na sababu za shida yake zielezwe. Mimi naongeza kipimo cha nyumbani. Tunafunika maiti zetu kwa staha. Mwandishi anayefunua ya mwenzetu awe na sababu nzito, na jamaa za marehemu waombwe ruhusa inapowezekana.

Nitajuaje janga linakuja kabla halijafika kwenye televisheni?

Fuatilia ngazi za IPC, mfumo unaopima upungufu wa chakula kutoka ngazi ya 1 hadi ya 5. Ngazi ya 5 katika eneo ni baa la njaa, na vigezo vyake ni vikali: angalau kaya 20 kati ya 100 zina upungufu wa kupindukia wa chakula, watoto 30 au zaidi kati ya 100 wana utapiamlo mkali, na kila siku wanakufa watu wawili au zaidi kwa kila 10,000. Kwa hiyo tangazo likitoka, watu wamekuwa wakifa kwa muda. Ndivyo ilivyokuwa kusini mwa Somalia. Maonyo yalianza mwaka 2010, tangazo likatoka 20 Julai 2011, na fedha zikaja kwa wingi baada yake. Kati ya watu takriban 258,000 waliokadiriwa kufa, karibu nusu walikuwa wamekwisha kufa kabla ya tangazo. Mwezi huohuo Wakenya walianza kuchangishana kwa simu kwa ajili ya ndugu zao wa kaskazini, na wakavuka lengo la shilingi milioni 500.

Soma basi ngazi ya 3 na ya 4, kisha angalia ombi la fedha la Umoja wa Mataifa kwa nchi hiyo limechangiwa kwa kiasi gani. Takwimu hizo ni za wazi na OCHA, ofisi ya Umoja wa Mataifa inayoratibu misaada ya kibinadamu, huzisasisha. Mwaka 2017 ukame ulipoirudia Somalia, wafadhili walitoa fedha mapema mwaka huo kwa kufuata maonyo hayohayo, na baa la njaa halikutangazwa.